Funguo za Wodi ya Wazazi

Sisi tunaoandika ni wanawake watatu wa usharika mmoja katika Nyanda za Juu Kusini. Mmoja wetu ni mke wa mkandarasi mdogo wa majengo. Wa pili ni mke wa fundi uashi. Wa tatu ni mjane, mama lishe aliyekuwa akipika chakula cha mafundi mahali pa kazi. Tumekubaliana kuandika pamoja na kuyaficha majina yetu. Jina la halmashauri iliyohusika tumeliacha pia, kwa kuwa nia yetu si kumshtaki mtu. Waume wawili waliotajwa humu wameyasoma haya kabla hayajatumwa. Mmoja alicheka. Mwingine alinyamaza siku mbili, kisha akasema, "Haya, pelekeni."

Habari yenyewe ni ya deni. Mara nyingi tunasikia redioni kwamba makandarasi wanaidai Serikali mabilioni ya shilingi, nasi tunaendelea kuchambua mchele wetu, tukidhani ni mambo ya wakubwa na mikoba yao. Sisi tulidhani hivyo mpaka tulipojikuta tumeketi benchi moja kanisani, watatu, na hakuna anayemwamkia mwenzake. Mkandarasi alikuwa anaidai Serikali, fundi anamdai mkandarasi, vibarua wanamdai fundi, na mama lishe anawadai wote.

Mkataba ulisainiwa Septemba 2014. Ilikuwa kazi ya kujenga wodi ya wazazi katika kituo cha afya cha kata yetu kwa shilingi milioni 168. Nyumba zetu zote tatu zilifurahi. Mkandarasi alitoa sadaka ya shukrani, na fundi naye alitoa, kwani kazi ya mwaka mzima ilikuwa imepatikana karibu na nyumbani. Mama lishe alikopa shilingi 300,000 katika kikundi cha VICOBA, akanunua sufuria mbili kubwa na sahani za bati, akasimamisha kibanda hatua chache kutoka kwenye msingi. Mapatano yalikuwa kwamba mafundi na vibarua 22 wale chakula cha mchana kwa shilingi 1,500 sahani moja, yeye aandike katika daftari, na kila mwisho wa mwezi mkandarasi amlipe kwa kukata katika ujira wao.

Kwa wasioijua kazi hii, tueleze kidogo jinsi malipo yanavyokwenda. Mkandarasi hapewi fedha yote mkononi. Anajenga kwa fedha yake au ya mkopo, na kazi ikifika hatua fulani anaomba kupimiwa. Mhandisi wa halmashauri anakuja na futi yake, wanapima kuta, zege na paa, wanaandika vipimo, na kutokana na vipimo hivyo inaandaliwa hati ya malipo. Mkataba wetu ulisema hati ikishasainiwa, fedha ilipwe ndani ya siku 28. Katika kila hati huzuiliwa kiasi kidogo, kwetu asilimia 5, ili mkandarasi asikimbie akaacha nyufa. Nusu ya hiyo fedha ya zuio hurudishwa jengo likikabidhiwa, na nusu nyingine baada ya mwaka wa uangalizi. Mkandarasi akichelewesha jengo, hukatwa fedha kwa kila siku aliyochelewa. Ni utaratibu mzuri ukifuatwa na pande zote mbili.

Hati ya kwanza ya milioni 64 ililipwa Machi 2015. Ilichelewa siku tatu tu. Mafundi walilipwa, mama lishe alilipwa, na mke wa fundi alinunua mabati 20 ya nyumba yao. Hati ya pili, milioni 58, ilisainiwa mwanzoni mwa Juni.

Sasa, mwaka wa fedha wa Serikali hufungwa tarehe 30 Juni. Halmashauri hupitisha bajeti yake, lakini fedha ya maendeleo huteremka kutoka Hazina kwa mafungu. Fungu lisipoteremka kabla ya tarehe hiyo, hati hulala mpaka mwaka mwingine, na mwaka huo nao una miradi yake inayosubiri. Hili hatukulijua. Tulidhani jambo likishaandikwa kwenye bajeti, fedha yake iko mahali fulani katika sanduku. Kumbe inaweza kuwa ni hesabu ya kodi ambayo bado haijakusanywa. Na mwaka ule ulikuwa wa uchaguzi mkuu. Fedha haikuteremka. Kila Jumatatu mkandarasi alikwenda ofisini, na kila Jumatatu aliambiwa iko njiani.

Mtauliza kwa nini hakusimamisha kazi, maana mkataba ulimruhusu baada ya kutoa taarifa. Sisi pia tulimwuliza, ila tulichelewa sana kumwuliza. Kuta zilikuwa zimefika kwenye lenta, masika yajayo yangezikuta wazi, na aliamini kwamba akimaliza vizuri watamheshimu. Basi alikwenda benki akachukua milioni 30 kwa riba ya asilimia 19 kwa mwaka. Nyumba ndiyo ilikuwa dhamana.

Hapa tunaomba mkae nasi kidogo, akina mama. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 hairuhusu mwenzi mmoja auze au aiweke rehani nyumba ya familia bila ridhaa ya mwenzake, na Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inamtaka anayekopesha ahakikishe ridhaa hiyo ipo. Ndiyo maana benki huomba saini ya mke. Wabunge walipoitunga kinga ile walitufikiria sisi. Lakini mmoja wetu aliisaini iondoke juu ya boneti ya gari, karatasi tatu, akiwa na haraka ya kuwahi mazoezi ya kwaya. Mume alisema, "Ni karatasi za kazi, mama." Hakudanganya, zilikuwa za kazi. Wala mke hakuuliza kazi gani.

Jengo lilikamilika Novemba 2015. Hati ya tatu, milioni 37 na laki 6, ilikuwa nayo imesainiwa na kulala. Kwa hiyo Serikali ilikuwa inadaiwa shilingi milioni 95 na laki 6, mbali na fedha ya zuio. Zaidi ya hapo, ili hati ishughulikiwe, ilitakiwa risiti ya mashine ya EFD, na risiti ikishatoka mamlaka ya kodi huhesabu kwamba umeuza. Kodi ya ongezeko la thamani ya asilimia 18 ikaanza kudaiwa kwa fedha ambayo hatujaiona kwa macho. Mkandarasi alifunga milango yote ya wodi, akaleta funguo nyumbani, akazitia kabatini nyuma ya vikombe vya wageni. "Sikabidhi kitu ambacho sijalipwa," alisema. Funguo zile zilikaa pale miezi kumi na minne.

Tukirudi kwa fundi, yeye alikuwa anadai milioni 4 na laki 6 za plasta na sakafu. Vibarua wake tisa hawakuwa na mkataba wala hati wala siku 28, walikuwa na ahadi yake tu. Walifika kwake alfajiri, kabla hajatoka kutafuta kazi nyingine. Mmoja alichukua baiskeli yake akaondoka nayo, na fundi hakumzuia, kwa kuwa alijua anadaiwa. Mabati 20 yaliuzwa. Mama lishe alikuwa na miezi miwili isiyolipwa, siku 26 kwa kila mwezi, sahani 22 kwa siku. Jumla shilingi 1,716,000. Kikundi cha VICOBA kilichukua sufuria moja kubwa, ya pili aliiuza mwenyewe.

Desemba ile binti wa mkandarasi aliagwa kwa sherehe. Kulikuwa na turubai, keki na muziki. Gharama karibu zote zilibebwa na wajomba na michango ya kadi, lakini nani angeliamini hilo? Jumatano iliyofuata, katika kikundi chetu cha maombi, mke wa fundi alisimama wakati wa ushuhuda akasema kwamba kuna watu wanakata keki kwa jasho la watoto wa wenzao, kisha wanakuja kushika Biblia. Hakutaja jina, wala hapakuwa na haja. Mke wa mkandarasi alichukua mkoba wake akatoka. Baada ya hapo hatukusemezana kwa miezi mitano. Mama lishe aliendelea kuhudhuria, lakini alihama akaketi nyuma, karibu na mlango.

Tukiutazama ugomvi ule leo tunaona kwamba kila mmoja wetu alisema kweli kwa alivyojua. Mke wa fundi alijua kwamba jengo limeisha, limepakwa rangi, na mumewe hajalipwa. Angejuaje kuwa Serikali haijalipa? Mkandarasi hakuwaambia mafundi wake. Aliona haya, na aliogopa kwamba wakijua hana kitu watamkimbia, naye atahitaji watu katika kazi ijayo. Basi kila wiki alisema, "Wiki ijayo, fundi." Mkewe naye alijua kidogo tu kuliko wao. Aligundua habari ya nyumba Aprili 2016, siku ambayo kijana wa benki aligonga mlango akauliza kama yeye ndiye mwenye nyumba.

Siku ile ile alikwenda kwa mama lishe. Hajui mpaka leo kwa nini alikwenda kwake na si kwa mama mchungaji. Alilia jikoni, akaeleza yote. Mama lishe alimsikiliza mpaka mwisho, kisha akamwuliza swali moja: "Karatasi ziko wapi?"

Jioni yake faili la kijani lilitolewa chini ya kitanda, na mke wa fundi akaitwa. Alikuja kwa shingo upande, akasimama mlangoni muda mrefu kabla ya kuketi. Hatukuombana radhi usiku ule. Tulisoma. Mke wa fundi alimaliza kidato cha nne, hivyo yeye ndiye aliyesoma kwa sauti na kutufafanulia yaliyoandikwa kwa Kiingereza. Tulikuta kifungu cha siku 28. Tulikuta kifungu kinachosema malipo yakichelewa yatakuwa na riba. Tulikuta kifungu cha mwamuzi, kwamba pande mbili zisipoelewana zinaweza kumpelekea mtu huru akaamua kabla ya kufika mahakamani. Hapakuwa na barua hata moja ya kudai kimojawapo cha hivyo. Kulikuwa na nakala za barua sita, zote zikianza kwa heshima na kuishia kwa "natumaini utanifikiria", kana kwamba mtu anaomba nafasi ya mtoto shuleni.

Tulipomwuliza mkandarasi alikasirika, kisha akatulia. Alisema, "Mama, ukidai riba hapa, zabuni ijayo hulisikii jina lako." Hatukuweza kumwambia kwamba anakosea. Yeye hula kutoka mkono ule ule anaoudai. Ukichelewa wewe, unakatwa kila siku. Wakichelewa wao, unawashukuru kwa kukupokea ofisini. Hilo ndilo jambo lililotuumiza kuliko hata ile milioni 95.

Jambo moja lilibadilika usiku ule. Mkandarasi aliwaita fundi na vibarua, akawaonyesha hati mbili zilizosainiwa zisizolipwa, tarehe na kiasi. Mmoja wao alisema kwa sauti, "Kumbe na wewe ni kibarua." Walicheka wote, na baiskeli ilirudishwa wiki ile. Deni halikupungua hata senti, lakini alfajiri hakuna aliyegonga tena.

Tulikwenda kumwona diwani wetu wa viti maalum, na mama yule alitusaidia. Alitueleza kwamba madeni ya halmashauri yanakusanywa na kupelekwa kuhakikiwa, kwa kuwa Hazina haiwezi kulipa kila karatasi inayoletwa. Madai mengine ni hewa, mengine yamelipwa mara mbili. Hilo tulilikubali. Tumeishi vya kutosha kujua kwamba wapo pia makandarasi wanaojenga kwa saruji nusu na kudai nzima, na wahandisi wanaowasainia. Wakaguzi walipofika kwetu mwishoni mwa 2016 walitaka mambo mawili. Kwanza, karatasi za vipimo vya hati ya tatu hazikuwa na saini moja ya mhandisi, naye alishahamishiwa mkoa mwingine. Fundi alipanda basi na karatasi, tukichangia nauli sote watatu, akamkuta mhandisi yule kazini kwake, akasaini amesimama. Dakika tatu. Saini ya dakika tatu ilikuwa imeshikilia milioni 37.

Jambo la pili lilikuwa funguo. Wakaguzi waliuliza jengo linatumikaje, wakaambiwa limefungwa. Kwa hesabu yao, jengo ambalo halijakabidhiwa ni jengo ambalo halijaisha, na madai yake hayana haraka. Silaha tuliyoitegemea ilikuwa inatukata sisi wenyewe.

Tuseme kweli, tulikuwa tumeanza kuzungumza juu ya funguo zile kabla ya wakaguzi. Oktoba binti wa mke wa fundi alijifungua mtoto wake wa kwanza katika chumba cha zamani cha kituo, wanawake wawili kitanda kimoja, ndoo imewekwa chini ya dari inayovuja. Dirishani aliona wodi mpya, rangi nyeupe na bluu, milango imefungwa. Mama yake alikuwa naye usiku kucha. Kulipokucha alikwenda moja kwa moja nyumbani kwa mkandarasi, akaingia sebuleni, akalitazama kabati lile. Hakusema neno. Mke wa mkandarasi alimtengenezea chai, akamtilia katika vikombe vile vya wageni, na alipovitoa funguo zilionekana.

Je, ilikuwa haki kuzishika? Hatukubaliani mpaka leo. Mke wa mkandarasi anasema mtu aliyenyang'anywa kila kitu ana haki ya kushika kilichobaki mkononi. Mke wa fundi anasema waliolala wawili wawili kitandani hawakumdhulumu mtu. Mama lishe anasema haki ilikuwepo, ila ilishikiwa mahali pabaya. Tumelijadili mara nyingi, na kila mara tunaishia pale pale.

Funguo zilitoka Januari 2017, lakini kwa maandishi. Tulisisitiza iandikwe hati ya makabidhiano inayotaja kila chumba, kila kufuli, na kiasi cha fedha ambacho bado hakijalipwa, isainiwe na pande zote mbele ya mganga wa kituo na diwani. Afisa mmoja alisema mambo ya fedha hayaandikwi kwenye makabidhiano. Mkandarasi alirudisha funguo mfukoni. Yakaandikwa.

Fedha ya kwanza, milioni 50, iliingia Agosti 2017. Benki ilichukua salio la mkopo na riba yake palepale, kabla mkandarasi hajaisikia simu. Riba peke yake ilizidi milioni 12 kwa miaka ile miwili. Zilibaki milioni 9 na kidogo, na nyumba ile ikawa na ugomvi wake. Mume alitaka anunue vifaa vya kazi nyingine aliyokwisha kuishinda, akisema wengine wasubiri salio. Mke alifungua Waraka wa Yakobo, sura ya 5, pale panapozungumzwa juu ya ujira wa wavunaji uliozuiliwa. Mume alisema anaijua. Mke akamwambia basi aisome kwa sauti. Kesho yake fundi alipata milioni 4 na laki 6 zake, vibarua tisa wakalipwa siku ile ile barazani, na mama lishe akaletewa shilingi 1,716,000 ndani ya bahasha.

Alizihesabu, akashukuru, akatia tiki katika daftari lake. Zilikuwa kamili. Lakini sahani aliyoiuza shilingi 1,500 mwaka 2015, sasa wenzake stendi waliiuza 2,000, na yeye hakuwa na sufuria wala kibanda. Alilipwa mchele wa zamani kwa bei ya zamani. Benki ililipwa riba. Mkandarasi aliisamehe riba yake kwa maandishi, maana aliambiwa akiendelea kuidai faili lake litarudi kuhakikiwa upya. Taarifa za Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali zimeonyesha mara kwa mara jinsi miradi ya barabara inavyoibebesha nchi riba kwa sababu ya kuchelewa kuwalipa makandarasi. Wapo basi wanaothubutu kuidai. Mara nyingi ni wakubwa, wenye mawakili.

Mwezi ule ule wa Agosti 2017 nchi nzima ilisikia kwamba ndege mpya ya Serikali aina ya Bombardier Q400 imezuiwa Canada. Aliyeizuia ni kampuni ya Stirling Civil Engineering, kwa deni la takriban dola milioni 38 za Marekani, riba ikiwemo, lililotokana na mkataba uliovunjwa wa barabara ya Wazo Hill hadi Bagamoyo. Kampuni ilikuwa imeshinda mbele ya wasuluhishi wa kimataifa miaka mingi kabla, ikasubiri, kisha ikaikuta mali ya mdaiwa nje ya nchi. Ndege ilifika Dar es Salaam Aprili 2018. Watu walibishana sana kijiweni nani mzalendo na nani msaliti. Mama lishe aliposikia habari ile aliuliza tu, "Sisi tungekamata nini? Kitanda cha kujifungulia?"

Na hata hicho tusingeweza. Sheria ya mashauri dhidi ya Serikali hairuhusu mali ya Serikali ikamatwe ndani ya nchi kulipia hukumu, na tangu mabadiliko ya mwaka 2020, anayetaka kuishtaki halmashauri hutoa notisi ya siku 90 na kumuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Tunaelewa sababu yake, kwani nani angependa gari la wagonjwa lipigwe mnada? Lakini mdai mdogo hubaki na barua zake.

Jambo hili si la kwetu peke yetu. Mke wa fundi ana dada aliyeolewa Nakuru, na mume wake hupeleka kokoto kwenye kazi za barabara. Kenya iliunda kamati mwaka 2023 ya kuchambua madai yaliyolimbikizwa tangu 2005, na mwaka 2025 ikaamua kutenga shilingi 7 za Kenya kutoka kwenye tozo ya kila lita ya mafuta ili kukopea fedha ya kuwalipa makandarasi wa barabara. Dada yule alipiga simu kwa furaha, kisha akatulia akasema, "Lakini petroli ni mimi ninayenunua."

Salio letu lililipwa Februari 2018. Nusu ya fedha ya zuio ilikuja 2019. Nusu nyingine, milioni 4 na laki 2, haijaja. Jibu la mwisho lilisema jalada linatafutwa. Wodi inafanya kazi, na nyufa hazipo.

Tumeandika sasa kwa sababu mambo yametugeukia. Kanuni za ununuzi wa umma za mwaka 2024 zimewatengea wazawa kazi za ujenzi zisizozidi shilingi bilioni 50, na sheria inataka asilimia 30 ya manunuzi ya Serikali itengwe kwa vikundi vya wanawake, vijana, wazee na wenye ulemavu. Kikundi chetu cha Jumatano kimesajiliwa katika mfumo wa NeST, ambako zabuni za Serikali hutangazwa siku hizi. Mwezi uliopita tumepata kazi ya kwanza, madawati 120 ya shule mbili. Wanakikundi 14 walipiga vigelegele. Sisi watatu tulitazamana.

Kabla ya kusaini tulikwenda ofisini tukauliza kama fedha ya madawati imekwisha kuingia au iko kwenye bajeti tu. Kijana aliyetupokea alitabasamu akasema, "Mama zangu, hayo hayaulizwi." Mke wa fundi akamwambia tutaketi hapo nje mpaka tupate wa kumwuliza. Tuliketi saa mbili na nusu. Mwekahazina mwenyewe alitoka, akatueleza kwamba nusu imeingia na nusu inatarajiwa robo ya tatu ya mwaka. Basi tukaomba mkataba wa madawati 60 kwanza. Bado hawajatujibu.

Mafundi seremala wameshaanza kutuuliza wataanza lini. Tumewaambia yote tuliyoambiwa, pamoja na ile robo ya tatu. Mama lishe amenunua daftari jipya. Katika ukurasa wa kwanza amechora mistari, akaandika tarehe ya siku tuliyokaa kwenye benchi lile, na jina la aliyetujibu.